Mlango wa Shangazi Haukuwa na Kitu

4 Februari

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Huku hatujambo sote, ukiacha magoti ya Bibi, ambayo humuuma kila asubuhi mpaka chai ichemke, kisha hupona ghafla jirani akigonga hodi. Baba anakusalimu. Mama anakusalimu pia na anauliza kama lile koti lilikutosha. Mdogo wangu ameng'oka meno mawili ya mbele, na sasa kila akisema neno lenye "s" anapiga mluzi, basi siku nzima anatafuta maneno yenye "s".

Nakuandikia kwa sababu unanijua nilivyo kwenye simu. Nikishikishwa tu, nakuwa kama nimemeza ulimi. Juzi uliponiuliza kama nimeshakula, nilitikisa kichwa, kama vile ungeniona. Kwenye karatasi maneno yanakuja mengi. Sijui siku zote huwa yamejificha wapi.

Jambo lenyewe ni hili. Mwalimu wetu wa historia tumempa jina la Bwana Karne (mwenyewe hajui), kwa sababu kwake hakuna kilichotokea jana, kila kitu kilitokea karne fulani. Ametupa kazi: kila mmoja aandike kurasa tatu kuhusu kazi ya ndugu yake. Zamu yangu ilipofika nilisema, "Shangazi yangu anafundisha chuo kikuu." Nilisema kwa sauti, Shangazi, yaani hata wa dawati la pili alisikia.

Mwalimu akauliza, "Anafundisha nini?"

Nikainamia daftari. Safari hii si kwa aibu, ni kwamba sijui. Bibi anasema wewe ni daktari, na majirani humpa habari za matumbo yao akufikishie. Baba anasema "mambo ya majengo". Mama anasema "mambo ya hewa", halafu wanatazamana na kucheka. Nisaidie, tafadhali. Unafundisha nini? Na wenzako hapo wanafundisha nini? Nataka kurasa zangu zishinde za yule mwenzetu ambaye mjomba wake ni rubani.

Mimi, binti wa kaka yako

*

22 Februari

Binti wa kaka,

Marahaba mwanangu, tena marahaba ya mikono miwili. Mwambie mama yako koti limenitosha kila mahali isipokuwa vifungo vya katikati, ambavyo havisalimiani. Mwambie Bibi kwamba daktari wake amesema atembee mwenyewe mpaka kwa jirani, asingoje kugongewa. Hiyo ni dawa halali, na majirani nao waitumie kwa matumbo.

Nisamehe kwa kuchelewa. Kulikuwa na vikao.

Sasa njoo nikutembeze. Tuko ghorofa ya tatu, kwenye korido yenye milango sita, sakafu imeng'arishwa na nyayo katikati tu, pembeni bado nyeusi. Hapa tuna desturi ambayo sijaikuta chuo kingine. Hakuna anayeandika mlangoni anachofundisha. Kila mlango una ndoano, na mwenye chumba ananing'iniza kitu kimoja, mgeni abahatishe mwenyewe.

Mlango wa kwanza unaning'iniza kipande cha plasta chenye ufa. Huyo ni Mzee wa Nyufa. Akitazama ufa ukutani anakwambia nyumba inalalamikia nini: msingi, jua, au fundi aliyeibania saruji. Akija kukutembelea usimwoneshe picha za watoto, haangalii. Anaangalia kona za dari, halafu anakupa pole.

Wa pili una kichezeo cha mtoto cha kutikisa. Ni wa Mama Kicheko. Anachunguza watoto ambao hawajaanza kusema: wanacheka nini, wanapiga mwayo lini, nani anamwambukiza nani. Wanafunzi wake ndio pekee wanaotoka darasani na furaha kubwa kuliko waliyoingia nayo.

Wa tatu, dadu. Bwana Wastani, mwalimu wa takwimu. Ukimwambia "leo kuna joto", anakuuliza "kuliko lini?" Mke wake alimwambia "nakupenda", akauliza hivyo hivyo. Bado wanaishi pamoja, jambo ambalo yeye mwenyewe anasema ni nadra kitakwimu.

Wa nne, soli ya kiatu. Huyo Bi Soli anaandika historia ya wafanyakazi kwa kusoma viatu vyao vilivyochakaa. Soli ikiliwa kisigino, huyo alisimama maisha yake yote. Ikiliwa vidole, huyo alipanda ngazi. Tunaogopa kuvua viatu mbele yake.

Wa tano una mto mdogo wa kulalia. Bwana Bembelezi, nyimbo za kulazia watoto. Wanafunzi wake husinzia, naye anahesabu hilo kuwa ushahidi.

Basi hapo una kurasa tatu na chenji. Kamfunike rubani.

Shangazi yako

*

9 Machi

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Bibi ametembea mpaka kwa jirani. Amerudi jioni. Dawa imefanya kazi kupita kiasi, Mama ndiye aliyepika.

Nimemfunika rubani! Bwana Karne aliandika chini ya kazi yangu, "Hii nitalisomea darasa zima." Mimi nilitaka nijifiche chini ya dawati, lakini nilitaka pia asome. Vyote viwili kwa wakati mmoja. Alisoma vizuri, na alipofika kwa mke wa Bwana Wastani yeye mwenyewe alicheka mpaka akavua miwani.

Alicheka peke yake, lakini. Kipindi chake ni cha saa nane mchana, na saa nane darasa letu ni bweni. Wengine hulala wamekaa wima, kalamu mkononi. Yule rubani (tunamwita hivyo siku hizi, jina la mjomba wake limemwangukia) hulala macho wazi. Bwana Karne anatuita kizazi cha magodoro. Anasema enzi zake hakuna aliyesinzia.

Ngoja nikuchoree chumba. Tuko wengi, madawati yanagusana. Madirisha ya chini yanatazama karakana ambako wanapasua mbao, kwa hiyo hufungwa, la sivyo msumeno ndio unatufundisha. Ukuta wa pili, juu, kuna madirisha madogo, yamefunikwa pazia kuukuu. Nilipanda juu ya dawati nikachungulia nyuma ya pazia. Yamepigiliwa misumari, kila moja, misumari mirefu iliyoshika kutu. Hakuna anayejua tangu lini.

Shangazi, jambo la mwisho. Ulisema korido ina milango sita. Nimehesabu tena na tena. Umenitajia mitano.

Mlango wa sita unaning'iniza nini?

Mimi

*

11 Aprili

Binti wa kaka,

Mwezi mzima umepita, najua. Natumaini mdogo wako ameota meno na Bibi amerudi nyumbani. Hapa ni salama. Vikao vinaendelea.

Mlango wa sita ni wangu. Ndoano ipo, haina kitu, na haijawahi kuwa na kitu. Ninachochunguza hakining'iniki. Ni hewa ya vyumbani.

Bibi anaposema daktari hakosei sana. Watu wakijaa kwenye chumba kilichofungwa, kila mmoja anavuta hewa safi na kurudisha hewa ya ukaa, pumzi kwa pumzi, mpaka wote wanavuta kilichotoka kwa jirani. Chumba hakinuki kitu. Hakuna anayekohoa. Kichwa kinakuwa kizito tu, na mtu anajilaumu, au analaumiwa. Hapo ndipo mimi huingia na kipimo changu, nikakaa kona moja. Nimeshakaa kona za madarasa, mahakama, kumbi za mitihani, hata chumba cha kusubiria daktari wa kweli. Ninafundisha hayo kwa watakaojenga na kwa watakaofundisha.

Mengine ya kazi tuyaache.

Umeniandikia chumba kwa macho ya mtafiti, hilo nimeliona na nimefurahi. Mwambie huyo mwalimu wako asimwite mtu godoro kabla ya kufungua dirisha. Sasa niulize nami. Misumari hiyo alipigilia nani? Na wewe, saa nane, husinzia?

Shangazi yako

*

20 Aprili

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Wote wazima. Meno yamechungulia.

Baba ameniambia. Sikumdadisi; alikuwa akiongea nawe kwenye simu na mimi nilikuwa nyuma ya mlango na kitabu, na baadaye akaona afadhali nisikie kwake. Somo lako linataka kufutwa. Wanafunzi wanaolichagua ni wachache, wanaweza kukaa kwenye benchi moja, na Baraza la chuo linasema hakuna anayejua lina faida gani. Likifutwa, mlango wa sita atapewa mtu mwingine.

Hukuniambia. "Vikao", ulisema.

Mimi sijui kuongea mbele ya watu, lakini najua kukaa nyuma na kutazama. Kwa hiyo nimeanza kukusaidia. Usicheke. Nimeamua kuhesabu miayo. Nilifikiri: nikihesabu miayo ya saa nane madirisha yakiwa yamefungwa, halafu nikahesabu yakiwa wazi, Baraza litaona faida kwa macho yake.

Siku ya kwanza nilifanya kosa. Niliona si uungwana kumhesabu mtu bila ridhaa yake, kwa hiyo nikamwomba kiranja atangaze kwamba nahesabu miayo, asiyetaka aseme. Hakuna aliyekataa. Tatizo tuna mcheshi wetu, Kipaza. Bwana Karne hajamaliza kuandika tarehe ubaoni, Kipaza akapiga mwayo wenye herufi zote, na mikono juu. Wa pembeni akaitikia. Ukazunguka darasa zima kama kwaya. Mwisho Bwana Karne naye akapiga, akiwa anatugombeza, akashindwa kumaliza sentensi. Nami nilipiga mingi sana hata nikapoteza hesabu.

Kwa hiyo sina kitu. Lakini nimeanza.

Mimi

(Umepiga mwayo ukisoma? Mimi nimepiga nikiandika.)

*

6 Mei

Binti wa kaka, mhesabu miayo,

Nilipiga. Halafu nikafanya jambo ambalo sikukuomba ruhusa: nikasoma barua yako kwa sauti kwenye chumba cha chai. Nilipofika kwa Kipaza, Bwana Bembelezi alipiga mwayo, Bi Soli akafuata, na Mzee wa Nyufa akapiga mmoja mkubwa, hata akatazama dari kuona kama imeathirika.

Mama Kicheko akapiga meza. "Mnaona? Mwayo ni salamu, ukipewa unaitikia. Mtoto huyu hahesabu uchovu, anahesabu adabu!"

"Mpeni kitu kisichoambukiza," akasema Bwana Wastani, na hapo chai ikapoa, maana kila mmoja alikuwa na lake. Nakupa maneno yao kama yalivyotoka.

Wastani: wape kazi ya kuchosha, ukurasa wa gazeti la zamani, wakate kila herufi "k" kwa kalamu kwa muda mfupi. Hesabu zilizowaponyoka. Na usichague mwenyewe siku ya kufungua madirisha. Mtu mwingine arushe sarafu kila asubuhi, mbali nawe, afungue au aache, asikwambie mpaka mwisho. "Sarafu haina shangazi," alisema. Nimeifikiria sentensi hiyo wiki nzima.

Mama Kicheko: usiwaambie unatafuta nini. Waambie tu ni kazi ya umakini. Asiyetaka asifanye.

Bembelezi: gazeti ni tamu mno, watasoma habari. Tafuta maandishi makavu.

Bi Soli: andika kila mtu kaketi wapi. Walio karibu na mlango watakupotosha.

Mzee wa Nyufa: misumari ya kutu ing'olewe kwa kunyooka, taratibu, la sivyo ubao wa fremu utapasuka, naye atausikia kutoka huku.

Sikukwambia habari za Baraza kwa sababu shangazi hamtwishi mtoto mzigo wake. Naona umeshautwaa kichwani na unatembea nao. Basi sawa. Kikao ni katikati ya Julai. Watanipa nafasi moja ya kujieleza.

Hujajibu swali langu.

Shangazi yako na korido nzima

*

16 Juni

Shangazi mpendwa,

Shikamoo, na shikamoo kwa korido nzima, mmoja mmoja.

Nina habari. Nitaanza na ngumu zaidi: niliingia ofisi ya Mkuu wa shule. Peke yangu. Nilikuwa nimeandika ombi langu kwa mwandiko mzuri ili nimpe na kutoka. Akalisukuma pembeni bila kulifungua.

"Niambie mwenyewe."

Nikasema.

"Sijasikia."

Nikasema tena.

"Binti, kama unanong'ona siri, mimi si mtu wa siri. Sema."

Shangazi, nikasema! "Naomba tung'oe misumari ya madirisha ya juu, tupime kama tunasinzia kwa uvivu au kwa hewa!" Katibu wake wa chumba cha pili akatokea mlangoni kuona nani anagomba. Mkuu akasema, "Kumbe unayo." Nafikiri alimaanisha sauti. Akaruhusu mpaka katikati ya Juni, kwa sharti kwamba misumari itunzwe, ili ikibidi irudishwe ilikotoka.

Mwalimu wa useremala aliing'oa kwa kunyooka, taratibu. Mwambie Mzee wa Nyufa fremu haikupasuka hata moja. Misumari ameitia kwenye kopo la rangi. Kila asubuhi yeye ndiye anarusha sarafu na kupanda nyuma ya pazia, na pazia linaficha kama kumefunguliwa au la. Anafurahia siri hiyo mno. Nikikutana naye anapiga mluzi na kutazama juu.

Maandishi makavu yalikuwepo tele: kanuni za matumizi ya maktaba. Kila saa nane kabla ya somo, Bwana Karne aligawa ukurasa. "Zoezi la umakini," alisema, "kwa kizazi cha magodoro." Yeye naye hakujua tunapima nini. Kipaza alikata herufi kwa mbwembwe, lakini alikata.

Leo mwalimu wa useremala amenipa karatasi yake ya sarafu, nami nimeweka pamoja na hesabu zangu. Siku za madirisha wazi, herufi zilizowaponyoka ni karibu nusu ya zile za siku za kufungwa. Si siku moja. Karibu kila siku, mbele na nyuma, karibu na mlango na mbali nao. Rubani, ambaye kila mtu anajua ni mzito, siku za madirisha wazi yuko miongoni mwa watano wa juu! Nimekufungia hesabu zote, na mchoro wa viti kwa ajili ya Bi Soli.

Na swali lako. Ndiyo. Mimi nasinzia kuliko wote. Wananiita Mto. Sikupenda ujue, kwa sababu wewe ni msomi wa familia na mimi nilitaka kuwa kama wewe, na msomi gani huyo anayeamshwa kwa rula. Lakini nimeangalia siku zangu pia. Siku za madirisha wazi sikusinzia hata mara moja. Mimi si mto, Shangazi. Nilikuwa nakosa hewa.

Mimi

*

19 Julai

Binti wa kaka, mtafiti mwenzangu,

Wasalimie wote, nitawauliza hali zao baadaye, siwezi kungoja. TUMESHINDA.

Nikusimulie kwa utaratibu. Chumba cha Baraza kina meza ndefu, mapazia mazito, na mashine ya baridi inayozungusha hewa ile ile tangu asubuhi. Wenye masomo yanayotishiwa tuliitwa kila mmoja kwa zamu. Wenzangu waligombea nafasi ya kwanza. Mimi niliomba ya mwisho, baada ya chakula cha mchana.

"Una hakika?" aliuliza Mwenyekiti. "Wakati huo huwa tumechoka."

"Nina hakika kabisa, mheshimiwa."

Nilipoingia na korido nzima nyuma yangu, wajumbe wawili walikuwa wameegemeza mashavu kwenye ngumi. Mwanasheria wa chuo alikuwa anasoma karatasi iliyogeuzwa juu chini. Sikutoa hotuba. Niligawa ukurasa mmoja kwa kila mtu na kuwaomba wakate herufi "k". Bembelezi ndiye aliyechagua maandishi: kumbukumbu za kikao chao wenyewe cha mwaka jana. "Hakuna kikavu kuliko hicho," aliniapia, "na mimi ni mtaalamu wa usingizi."

Kisha nikafungua mlango na dirisha la mwisho, ambalo Mzee wa Nyufa alikuwa amelilegeza komeo asubuhi hiyo, akisingizia kuchunguza ufa. Nikawaomba wanyooshe miguu kidogo huku hewa ikipita. Kisha ukurasa wa pili. Bwana Wastani akakusanya, akajumlisha, akasoma matokeo kwa sauti yake ile ile ya kutangaza mvua. Zilizowaponyoka zilikuwa zimepungua kwa zaidi ya nusu. Mwenyekiti akainama kumnong'oneza jirani yake, "Mimi nilikosa ngapi?" Jirani hakumwambia.

Hapo mwanasheria akaamka sawasawa. "Ngoja. Mara ya pili tulikuwa tumeshazoea. Tena tulinyoosha miguu. Hiyo si hewa, hayo ni mazoezi."

Swali zuri, mwanangu. Lingeweza kunimaliza. Wenzangu wote watano wa korido walikuwa wamejipanga ukutani kama watoto waliochelewa shule. Nikabandika ukutani hesabu zako.

"Hawa hawakunyoosha miguu," nikasema. "Na siku hazikufuatana kwa mpango. Zilichaguliwa na sarafu, iliyorushwa na mtu ambaye hakuwa mpimaji. Waliopimwa hawakujua dirisha liko wazi au la. Mpimaji naye hakujua."

Mwanasheria akavaa miwani, akasogea ukutani, akapitisha kidole safu kwa safu. "Hii imefanywa vizuri," akasema. "Ni ya nani? Ni ya mwanafunzi wako wa shahada gani?"

"Ni ya binti wa kaka yangu. Yuko sekondari. Huwa anakaa dawati la nyuma."

Mwanangu, alicheka yule mtu! Kisha Mama Kicheko akacheka, na unajua kicheko, kikishaanza. Baraza zima. Mwenyekiti alipofuta macho alisema maneno ambayo Bi Soli aliyaandika mkononi ili yasipotee: "Tulikuwa tunataka kufunga somo la hewa tukiwa tumekosa hewa."

Somo linabaki. Si kubaki tu: kuanzia muhula ujao kila anayesomea ujenzi na kila anayesomea ualimu atalipitia. Nitahitaji ukumbi mkubwa, wenye madirisha. Na Mwenyekiti ameagiza komeo la lile dirisha lisifungwe tena.

Mwambie kaka yangu nimemwazima binti yake na sitamrudisha.

Shangazi yako

*

3 Agosti

Shangazi mpendwa,

Shikamoo! Barua yako Baba ameisoma mara mbili mezani, na mara ya pili alisimama. Mama alilia kidogo akasingizia vitunguu, lakini tulikuwa tumeshakula. Bibi ametangazia mtaa mzima kwamba sasa madaktari katika familia ni wawili. Leo mzee mmoja amenionesha mgongo wake.

Nami nina ushindi wa kukupa. Nilimpelekea Mkuu matokeo. Safari hii hakuniambia nirudie hata neno. Ameamuru madirisha ya juu ya madarasa yote yakaguliwe, na kwetu yabaki wazi.

Siku ya kwanza ya madirisha wazi bila pazia, Bwana Karne alifundisha vita fulani vya karne fulani, na kengele ilipolia hakuna aliyeinuka. Tulitaka kujua nani alishinda. Mwalimu akatutazama kama anatuona leo. Kisha akauliza, kama anavyouliza kila siku bila kutazamia jibu, "Kuna mwenye swali la historia?"

Nikanyoosha mkono. Darasa zima liligeuka. Rubani alidondosha kalamu.

Nikasema, na nilisikika mpaka karakana, "Mwalimu, misumari ya madirisha alipigilia nani?"

Akavua miwani. Akaifuta. Akaivaa.

"Mimi," akasema. "Nilikuwa mwalimu mgeni. Upepo ulichukua karatasi zangu za mtihani, zikaenda mpaka uwanjani mbele ya shule nzima. Nikaona aibu. Nikachukua nyundo."

Kipaza akauliza kwa unyenyekevu kabisa, "Karne ya ngapi, Mwalimu?"

Shangazi, alicheka kuliko sisi! Kumbe jina analijua siku zote. Baadaye alilichukua lile kopo la misumari karakana, akanifuata nalo, akasema, "Mpelekee shangazi yako. Mwambie kizazi cha magodoro kilianza na mimi." Tangu siku hiyo hakuna anayeniita Mto. Wananiita Profesa, na nikiitwa naitika.

Kopo hilo ninalituma pamoja na barua hii. Misumari nimeisugua kutu kidogo, si yote. Nilifikiri: hewa kweli haining'iniki, lakini kilichokuwa kinaizuia kinaning'inika.

Mimi

*

21 Agosti

Binti wa kaka, Profesa,

Kopo limefika. Wote watano walikuja kusimama korido. Bwana Bembelezi alileta uzi, Bi Soli akafunga mafundo, Mzee wa Nyufa akakagua ndoano na kuipitisha. Bwana Wastani alitaka kuihesabu misumari, tukamzuia, akaihesabu kwa macho.

Imening'inia mlangoni kwangu sasa, mmoja mmoja kwa urefu tofauti. Mama Kicheko akafungua dirisha la mwisho wa korido, upepo ukaja, na misumari yote ikagongana ikalia. Milango yote sita ilikuwa wazi, na tulisimama tukisikiliza. Wanafunzi wawili waliokuwa wanapita waliuliza hapa hufundishwa nini. Niliwaambia wabahatishe. Wamejiandikisha.

Jumapili nitapiga simu nikiwa nimesimama pale pale mlangoni, usikie mwenyewe inavyolia. Mwambie kaka yangu akupe simu wewe kwanza. Na nikikuuliza kama umesikia, mwanangu, usitikise kichwa.

Shangazi yako